Maswali ya Wasomaji: Ng'ombe Anayecheua, Jaruba Lililojaa Maji na Sufuria ya Maharage

Katika toleo lililopita tuliwaomba wasomaji watuandikie kuhusu chakula na mabadiliko ya tabianchi: namna tunavyolima, tunavyofuga, tunavyohifadhi na tunavyopika, na jinsi shughuli hizo zinavyoongeza gesijoto, yaani gesi zinazonasa joto, angani. Barua zilizotufikia zimetushangaza, kwa kuwa nyingi hazikuuliza habari za mikutano ya kimataifa, bali habari za zizi, shamba na jiko. Tumechagua saba na kuzifupisha bila kugusa kiini chake.

Mfugaji wa Tukuyu anauliza: "Ndugu Mhariri, nina ng'ombe wanne, wawili chotara na wawili wa kienyeji. Mjukuu wangu wa sekondari ameniambia kwamba ng'ombe wanaongeza joto la dunia kwa kujamba, na kwamba huko Ulaya wafugaji wanatozwa kodi kwa sababu hiyo. Je, ni kweli? Na kama ni kweli, nipunguze ng'ombe?"

Shikamoo mzee. Mjukuu wako yuko karibu sana na ukweli, ila amekosea upande wa mnyama. Sehemu kubwa mno ya gesi hiyo, zaidi ya tisa ya kumi, hutoka mdomoni, ng'ombe anapocheua na kupiga mbweu. Tumbo la kwanza la ng'ombe ni kama pipa la kuchachushia: ndani yake mna vijidudu vinavyovunjavunja majani ambayo wewe na mimi hatuwezi kuyameng'enya, na katika kazi hiyo huzalisha gesi ya methani. Methani haikai sana angani, ni miaka 12 hivi, lakini katika muda huo hunasa joto kwa ukali. Ukiipima kwa kipindi cha miaka 20, kilo moja ya methani hupasha dunia joto takriban mara 80 kuliko kilo moja ya hewa ukaa. Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa (FAO) hukadiria kwamba ufugaji, pamoja na uzalishaji wa malisho yake, huchangia asilimia 12 hivi ya gesijoto zote zinazotokana na shughuli za binadamu.

Habari ya kodi nayo ina msingi. Mwaka 2024 Denmark ilifikia makubaliano ya kutoza gesi za mifugo kuanzia mwaka 2030, kwa kiwango cha kroner 300 kwa kila tani ya gesi inayohesabiwa kama hewa ukaa, ingawa mfugaji atapata nafuu kubwa inayopunguza mzigo huo. Mwaka huohuo New Zealand iliachana na mpango wake wa namna hiyo. Hakuna anayekuja Rungwe kuhesabu mbweu za ng'ombe wako, kwa hiyo tuliache jambo hilo na kuingia zizini.

Methani inayotoka mdomoni mwa ng'ombe ni chakula ulichokilipia au ulichokikata kwa jasho lako, kisha kikapotea hewani. Kwa kawaida asilimia 6 hivi ya nguvu yote iliyomo kwenye malisho hupotea kwa njia hiyo, na pale ambapo malisho ni makavu na magumu, kama mabua ya mahindi yaliyokwisha kukauka shambani, upotevu huongezeka. Chukua mfano huu wa hesabu. Ng'ombe wa kwanza anatoa kilo 50 za methani na lita 500 za maziwa kwa mwaka. Huyo anatoa gramu 100 za methani kwa kila lita. Wa pili analishwa vizuri, anakula zaidi, na kwa hiyo anatoa gesi nyingi zaidi, tuseme kilo 80, lakini anakupa lita 2,000. Huyo anatoa gramu 40 kwa lita. Ukitazama ng'ombe, wa pili ni mchafuzi zaidi. Ukitazama kikombe cha maziwa, wa kwanza ndiye mchafuzi.

Kwa hiyo swali lako la kupunguza ng'ombe nalijibu hivi: usianze na idadi, anza na kihori. Mabingobingo yakatwe yangali laini, kabla hayajakomaa na kuwa kama fito, na yachanganywe na mimea ya jamii ya kunde kama desmodiamu, au matawi ya lukina na kaliandra, ambayo huongeza protini na kurahisisha mmeng'enyo. Wakati wa masika, majani yanapozidi mahitaji, tengeneza saileji, yaani majani mabichi yaliyofungiwa bila hewa yasioze, kwa ajili ya kiangazi, kwa sababu ng'ombe anayekonda kila kiangazi hutumia miezi ya mvua kurudisha mwili badala ya kutoa maziwa, na muda wote huo anaendelea kupiga mbweu. Mtamba anayechelewa hadi mwaka wa nne au wa tano kuzaa ametoa methani miaka yote hiyo bila kukupa hata tone.

Lakini hesabu yangu ina mtego, na sitaki kuuficha. Gesi ikipungua kwa kila lita, haina maana kwamba jumla imepungua. Ukitumia faida ya maziwa kuongeza ng'ombe wengine wanne, anga halitaona tofauti yoyote. Nafuu ya kweli hupatikana pale ambapo wawili wanaolishwa vizuri wanachukua nafasi ya wanne wenye njaa, na najua kwamba kwa mfugaji ng'ombe si maziwa tu: ni mahari, ni ada ya shule, ni akiba ya siku mbaya. Ndiyo maana uamuzi huo nauacha mikononi mwako.

Samadi nayo usiisahau. Ng'ombe wawili waliofungwa zizini wanatosha kulisha mtambo mdogo wa bayogesi, na teknolojia hiyo imeshughulikiwa kwa miaka mingi na CAMARTEC, kituo cha teknolojia za kilimo na vijijini kilichoko Arusha. Tope linalotoka mtamboni ni mbolea nzuri ya migomba. Hakikisha tu mafundi wanaziba vizuri, kwani mtambo unaovuja unamwaga angani methani ileile uliyokusudia kuichoma jikoni.

Mkulima wa mpunga wa Mbarali anauliza: "Afisa ugani ametuambia tuwe tunayaacha majaruba yakauke kabla ya kufungulia maji tena. Marehemu baba alinifundisha kwamba mpunga ni mmea wa maji. Nimwamini nani?"

Waamini wote wawili, kila mmoja kwa kiasi chake. Mpunga huvumilia maji kuliko unavyoyapenda. Wazee walijaza majaruba kwa sababu maji yaliyosimama huzuia magugu, na kwa sababu aliye mwisho wa mfereji hana uhakika wa zamu yake ijayo, kwa hiyo yakija anayazuia yote. Hizo ni sababu za busara. Tatizo ni kwamba udongo uliofunikwa na maji kwa wiki nyingi hukosa oksijeni, na katika hali hiyo vijidudu vya jamii moja na wale wa tumboni mwa ng'ombe huanza kula mabaki ya mimea na kuzalisha methani. Gesi hiyo hupanda kupitia ndani ya mabua ya mpunga wenyewe, ambayo yana matundu kama mrija, na kutokea juu. Jaruba lako, kwa maneno mengine, linacheua.

Njia aliyokueleza afisa ugani imefanyiwa kazi kwa muda mrefu na Taasisi ya Kimataifa ya Utafiti wa Mpunga iliyoko Ufilipino. Unachukua kipande cha bomba la plastiki chenye urefu wa sentimita 30, unakitoboa matundu upande wa chini, kisha unakichimbia shambani hadi nusu na kuutoa udongo uliomo ndani. Wiki moja au mbili baada ya kupandikiza unaanza kuyaacha maji yashuke. Ukichungulia ndani ya bomba na kuona maji yamefika sentimita 15 chini ya uso wa udongo, unafungulia tena mpaka kina cha sentimita 5. Mizizi bado inayafikia maji hata kama uso wa shamba unaonekana mkavu, na hapo ndipo wakulima wengi hushikwa na hofu na kufungulia mapema. Kuna kipindi kimoja tu ambacho ushauri wa baba yako haupaswi kuguswa: wiki moja kabla na wiki moja baada ya mpunga kuchanua, maji yasipungue kabisa, kwa sababu kiu ya siku chache wakati huo huacha mapepe, yaani punje tupu. Kwa utaratibu huu methani hupungua kwa karibu nusu, na maji yanayotumika huweza kupungua hadi asilimia 30.

Kwa Mbarali suala la maji huenda ni zito kuliko la gesi. Tangu mwaka 1993 Ruaha Mkuu, unaopokea maji ya bonde la Usangu, umekuwa ukikauka wakati wa kiangazi ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, na mto huohuo ndio unaotiririka kwenda Mtera na Kidatu kuzalisha umeme. Maji yasiyohitajika jarubani kwako yana wenye kuyahitaji huko chini, wakiwamo viboko.

Njia hii inakaribiana na kile tunachokiita kilimo shadidi, ambacho kilianzia Madagaska miaka ya 1980 kwa kazi ya padri Mfaransa, Henri de Laulanié, na huko Mwea nchini Kenya kimeenezwa tangu mwaka 2009 kwa juhudi za Profesa Bancy Mati. Katika kilimo shadidi mche hupandikizwa ukiwa na siku 8 hadi 12 tu, mmoja mmoja, kwa nafasi ya sentimita 25 kila upande. Mbegu zinazohitajika ni kidogo mno na machipukizi ni mengi. Ila magugu nayo hufurahia jaruba lisilo na maji, na kwa kawaida palizi hiyo huwaangukia wanawake. Msianze bila kupata vipalizi vya kusukuma kwa mkono.

Mambo mawili ya mwisho kwako. Msifukie mabua mabichi siku chache kabla ya kujaza maji, kwani hicho ni chakula cha moja kwa moja cha vijidudu vya methani. Yafukieni mapema wakati udongo ni mkavu, au yapelekeni kwenye mboji. Na urea isimwagwe ovyo katika mabadiliko ya kulowa na kukauka, maana sehemu yake hugeuka naitrasi oksaidi, gesi ambayo uzito kwa uzito ni kali kuliko hata methani. Utaratibu wote huu unategemea jambo ambalo mkulima mmoja hawezi kulifanya peke yake, yaani zamu ya maji inayoheshimiwa mferejini. Mahali ambapo zamu huvunjwa usiku, bomba lenye matundu halina kazi.

Mkulima wa mwani wa Paje anauliza: "Nimesikia kuwa ng'ombe akilishwa mwani hatoi gesi. Bei ya mwani wetu iko chini. Je, tunaweza kuuza kwa wafugaji?"

Natamani ningekujibu ndiyo, dada yangu, lakini mwani unaozungumzwa si wako. Majaribio yaliyopunguza methani kwa kiwango kikubwa, mengine kwa zaidi ya asilimia 80, yalitumia mwani mwekundu uitwao Asparagopsis, ambao una kemikali iitwayo bromofomu inayozuia vijidudu kukamilisha utengenezaji wa methani. Spinosamu na kotoni, ambazo zimelimwa kibiashara Zanzibar tangu mwaka 1989, ni za aina nyingine na hununuliwa kwa ajili ya karajinani, ile inayotumika kugandisha vyakula na dawa ya meno. Ng'ombe akiila, usitarajie mbweu zake zipungue namna hiyo. Isitoshe, majaribio mengi yaliyofanikiwa yalifanywa kwa ng'ombe wanaokula kihorini, ambapo kila tonge hupimwa. Ng'ombe wa Mmasai anayetembea kilomita nyingi kutafuta malisho hawezi kupewa kijiko cha mwani kila siku. Akija mtu kuwaahidi soko la mwani wa ng'ombe, mwulizeni kwanza anataka mwani wa jina gani.

Mama lishe wa Temeke anauliza: "Tunaambiwa tuache mkaa. Mimi napika maharage na makande kila siku. Nilijaribu gesi, mtungi ukaisha kabla ya wiki. Tufanyeje sisi?"

Mama, umeligusa jambo ambalo wataalamu wengi wa tabianchi hulipita haraka: chakula hakijamaliza safari yake kikifika sokoni, na kwetu jiko ni sehemu kubwa ya gharama yake kwa mazingira. Katika tanuri la udongo la kawaida, kilo moja ya mkaa hutokana na kilo 6 hadi 10 za miti. Nguvu nyingi ya mti huo imekwisha kupotea porini, pamoja na methani na moshi, kabla gunia halijapakiwa kwenye lori. Mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia uliozinduliwa mwaka 2024 unalenga asilimia 80 ya Watanzania wawe wanatumia nishati hiyo ifikapo 2034. Lengo ni jema, ila halielezi maharage yaivaje kwa bei ya mteja wa Temeke.

Ulichogundua kuhusu gesi ni sahihi. Gesi ya mtungi inafaa kwa chai, chapati, mayai na wali, si kwa chakula kinachochemka kwa muda wa saa tatu. Kwa maharage na makande, kifaa kinachobadilisha hesabu ni jiko la presha la umeme. Sufuria yake imefunikwa kabisa na kuzungushiwa kizuizi cha joto, kwa hiyo umeme huwaka kwa muda mfupi tu na kujizima, na sufuria moja ya maharage huiva kwa chini ya uniti moja. Kasoro yake ni bei ya kununulia na udogo wa sufuria. Kwa biashara kama yako huenda ukahitaji mawili, au ununue kwa kukopeshana katika kikundi chenu. Umeme nao si safi kabisa, kwa sababu sehemu yake huzalishwa kwa gesi asilia, lakini tangu mitambo ya Bwawa la Julius Nyerere lenye uwezo wa megawati 2,115 ilipoanza kufanya kazi mwaka 2024, sehemu inayotokana na maji imeongezeka sana.

Kabla hujanunua chochote, loweka maharage na mahindi ya makande usiku kucha. Najua wewe unajua. Nawaandikia wale wanaosema hawana muda. Maharage yaliyolowekwa huiva mapema zaidi kwa moto wa aina yoyote, na hili ndilo punguzo la gesijoto lisilohitaji mfadhili.

Nisiwe mtu wa upande mmoja kuhusu mkaa. Wilayani Kilosa, kuanzia mwaka 2012, vijiji vilijaribu mkaa endelevu, ambapo msitu wa kijiji hugawanywa viwanja vidogo, kiwanja hukatwa kwa zamu na kisha kuachwa kwa miaka 24 kichipue upya, na mapato yakarudi kijijini. Wanaotaka mkaa ufutwe kwa amri wangeanza kwa kusoma uzoefu huo, kwa sababu mtu wa kijijini asiyepata chochote kutoka msituni ataugeuza kuwa shamba la ufuta.

Mwalimu wa sekondari wa Eldoret anauliza: "Afrika nzima hutoa takriban asilimia 4 tu ya gesijoto za dunia. Kwa nini mkulima wetu abebeshwe mzigo wa kurekebisha mfumo wa chakula?"

Mwalimu, hapaswi kubebeshwa. Jopo la Kiserikali la Mabadiliko ya Tabianchi lilikadiria mwaka 2019 kwamba mfumo wa chakula wa dunia, kuanzia kufyeka msitu hadi taka za jikoni, huchangia kati ya asilimia 21 na 37 ya gesijoto zote, na sehemu kubwa ya kinachoweza kupunguzwa haraka iko kwa walaji wa nyama nyingi na watumiaji wa mbolea nyingi za viwandani. Wakuu wa Afrika walikubaliana Abuja mwaka 2006 kuongeza mbolea hadi kilo 50 kwa hekta, na bado wakulima wetu wengi hawajafika huko. Kumwambia mtu huyo apunguze mbolea ni dhihaka. Hata hivyo, nchini Kenya kilimo, hasa mifugo, ndicho chanzo kikubwa kuliko vyote cha gesijoto, kwa hiyo tukisubiri wengine waanze tutakuwa pia tunasubiri kuacha kupoteza malisho, rutuba na mavuno yetu wenyewe. Hapo Magharibi mwa Kenya mna mfano wenu: kilimo cha vuta-sukuma kilichobuniwa na icipe, kituo cha kimataifa cha utafiti wa wadudu kilichoko Nairobi, pamoja na washirika wake, ambapo desmodiamu hupandwa kati ya mistari ya mahindi na nyasi pembeni. Desmodiamu hufukuza wadudu waitwao bungua, huzuia gugu liitwalo kiduha, huleta naitrojeni udongoni na hukatwa kuwa malisho ya ng'ombe. Hakuna mkulima niliyewahi kukutana naye aliyeipanda kwa ajili ya tabianchi.

Msomaji wa Muscat anauliza: "Nikila embe kutoka nyumbani, nachafua mazingira kuliko nikila la hapa jirani?"

Inategemea limekujaje. Duniani kote usafirishaji ni sehemu ndogo ya gesijoto za chakula, na mzigo uliopakiwa melini huchafua kidogo sana. Ndege, kwa kila tani na kila kilomita, hutoa mara 50 hivi zaidi ya meli. Mchele, karafuu na nazi huja kwa maji, kula bila wasiwasi. Embe bivu na minofu mibichi ya sangara kutoka Mwanza mara nyingi hupanda ndege. Hivyo viwe vya Idi.

Kikundi cha wakulima wa Kibaigwa kinauliza: "Mahindi yetu huliwa na dumuzi kabla bei haijapanda. Hili nalo linahusiana na tabianchi, au tumekosea kuandika kwenu?"

Hamkukosea hata kidogo, na ningependa barua kama yenu ingekuwa ya kwanza. FAO hukadiria kwamba asilimia 13 hivi ya chakula cha dunia hupotea kati ya mavuno na duka la rejareja, na ukijumlisha na kinachotupwa majumbani na hotelini, chakula kisicholiwa na mtu kinachangia asilimia 8 hadi 10 ya gesijoto zote. Gunia lililogeuka unga wa dumuzi lilikwisha kula mbolea yake, dizeli ya trekta lake na eneo la pori lililofyekwa kwa ajili yake. Mwaka unaofuata mtafyeka jingine kufidia.

Dumuzi, ambaye wazee wa Tabora walimbandika jina la Skania, aliingia nchini kutoka Amerika ya Kati mwishoni mwa miaka ya 1970, na hajawahi kuondoka. Dawa za unga zinasaidia zikiwa halisi na zikichanganywa kwa kipimo. Njia isiyohitaji dawa ni mifuko isiyopitisha hewa, ambayo ndani ina tabaka mbili za plastiki nzito na nje ina kiroba. Wadudu waliomo humaliza oksijeni na kufa kwa kukosa hewa. Lakini mfuko hauwezi kurekebisha mahindi yaliyovunwa mabichi. Ukifungia unyevu ndani umefuga ukungu, na ukungu ndio unaoleta sumukuvu. Pimeni kwa chumvi: chukueni chupa kavu, tieni mahindi kiasi cha robo na chumvi kavu vijiko viwili au vitatu, tikiseni, kisha iacheni chupa kwa dakika 15. Chumvi ikinata kwenye kuta za chupa, rudisheni mahindi juani, juu ya turubai na si juu ya udongo. Isiponata, jazeni mfuko, kamueni hewa, fungeni kila tabaka peke yake kwa kamba, na msiufungue kila wiki kwa ajili ya kuonja. Mifuko ikae juu ya chaga, mbali na magunzi ya mwaka jana, kwa sababu dumuzi aliye nje hutoboa plastiki akitaka kuingia. Usipotobolewa, mfuko huohuo mtautumia tena msimu wa pili na wa tatu, na bei mtakayouzia itakuwa ya Januari badala ya ile ya Julai.